Imeji za wizi za nini, na CHR ipo bure?

Kwenye makundi ya WhatsApp ya watu wa netiweki wimbo ni uleule: "Wakuu, nani ana imeji ya CSR1000v?", yaani faili la kuwasha ruta ya Cisco ndani ya kompyuta kwa mazoezi. Haipiti saa, linki ya Google Drive ya mtu asiyejulikana imeshatua, na watu wanaotaka kuwa wataalamu wa usalama wanaipakua bila hata kukagua ndani kuna nini. Hongereni.

Nyingi ya ISP (kampuni za intaneti) ndogo mnazopelekea CV zinaendesha ruta za MikroTik, na MikroTik wameiweka CHR, ruta yao ya kuwasha ndani ya kompyuta, hadharani kwenye tovuti yao. OSPF, BGP, MPLS (itifaki za kupitisha trafiki), vyote vimo kwenye leseni ya bure. Kilichobanwa ni kasi tu: trafiki inayotoka kila intafesi haivuki Mbps 1. Kujifunza BGP kunahitaji Mbps ngapi, jamani? Ila ukijaribu simple queue (kikomo cha kasi) ya 5M hutaona kitu. Weka 512k ndipo utaona inabana.

Kwenye EVE-NG, programu ya maabara pepe za netiweki, pakua raw disk image ya CHR, ifungue zip, kisha (7.x ni toleo ulilopakua):

qemu-img convert -f raw -O qcow2 chr-7.x.img hda.qcow2

Faili hilo liweke kwenye /opt/unetlab/addons/qemu/mikrotik-7.x/. Hilo "mikrotik-" mwanzoni si pambo. EVE inasoma jina la folda kujua ni kifaa gani, na ukiandika "chr-7" haitaiona. Jina hda.qcow2 nalo usilibadilishe. Malizia na:

/opt/unetlab/wrappers/unl_wrapper -a fixpermissions

Wanaoiruka hii ndio haohao wanaotuma picha za ruta iliyogoma kuwaka. Ikiwa bado inagoma, au inawaka kwa kujikongoja, andika egrep -c '(vmx|svm)' /proc/cpuinfo ndani ya EVE. Ikirudisha 0, imeji haina kosa: hujaweka tiki kwenye Virtualize Intel VT-x/EPT ya VMware, au Hyper-V ya Windows imeikalia prosesa.

Haya, anayesomea CCNA, cheti cha Cisco, anahitaji IOS, mfumo wa ruta zao, sibishi. Cisco wenyewe wanatoa CML-Free, maabara pepe yao ya bure, nodi (vifaa) 5 kwa wakati mmoja. Ni chache, ndiyo, lakini zinatosha area tatu za OSPF na ABR (ruta za mpakani mwa area) wawili.

Na hiyo CSR1000v mnayoigombania inataka GB 4 za RAM kwa ruta moja. Laptopu yako ya GB 8 itawasha ngapi?