Kadi ya dhahabu: ya aliyekaa kwenye kiti au ya aliyelipa?

Mwaka ukikaribia kwisha, wasafiri wengi wa ndege huwa na hesabu wanayoipiga kimyakimya. Zimebaki maili ngapi kufika daraja linalofuata, na je, ipo safari ya kuzijaza kabla ya tarehe 31 Desemba? Asiyewahi kuipiga huiona ya kitoto. Lakini aliyewahi kulala sakafuni uwanja wa ndege baada ya safari kufutwa, akashuhudia wenye kadi wakiitwa mmoja mmoja kupewa viti vya ndege ya alfajiri, anaielewa vizuri.

Mfumo wenyewe, yaani mpango wa mashirika ya ndege wa kuwatuza wateja wa kudumu, hauna ugumu. Kila ukiruka, akaunti yako huingiziwa vitu viwili. Kwanza ni maili za kutumia: hizi ni kama sarafu, unazilimbikiza hadi zitoshe kununua tiketi. Pili ni maili za kupandia daraja, na hizi hazinunui chochote. Ni kama maki za mtihani. Zinahesabiwa ndani ya mwaka, ukifikisha kiwango unapewa cheo, mwaka ukigeuka zinafutwa na unaanza sifuri. Cheo hicho ndicho kinachokupa mstari mfupi wa kukabidhi mizigo, chumba cha mapumziko, kiti kizuri, na mara mojamoja kuhamishiwa viti vya daraja la juu bila kulipa. Mwenye cheo cha dhahabu katika muungano wa mashirika ya ndege wa Star Alliance, kwa mfano, anaruhusiwa kubeba kilo 20 za ziada, au begi moja zaidi pale ambapo mizigo huhesabiwa kwa vipande, hata akiwa amekata tiketi ya daraja la kawaida.

Kwa miaka mingi kipimo kilikuwa umbali. American Airlines ilianzisha mpango wake wa maili, AAdvantage, tarehe 1 Mei 1981, miaka mitatu baada ya Marekani kuondoa udhibiti wa serikali juu ya nauli na njia za ndege. Ushindani ulikuwa umefunguka, nauli zikawa zinashushwa kila kukicha, na mashirika yakatafuta namna ya kumfunga abiria kwa kitu kisichokuwa bei. Maili ikawa kamba hiyo. Baadaye vikaja vyeo juu yake, na ukaruka maili nyingi ukapanda. Kwa shirika la Delta la Marekani, daraja la Silver lilikuwa maili 25,000 kwa mwaka na lile la juu kabisa, Diamond, 125,000.

Siku hizo zimekwisha kwa mashirika mengi makubwa. Tangu 2024 Delta haihesabu tena maili za kupandia daraja. Inahesabu dola, na Silver ni dola 5,000. United, nayo ya Marekani, iliacha maili mwaka 2020 ikaweka pointi za matumizi pamoja na idadi ya safari. British Airways ilifuata Aprili 2025: pauni moja ya matumizi yanayohesabiwa ni pointi moja, na cheo cha Gold kinahitaji pointi 20,000. Wasafiri walilalamika kila mahali, na mashirika yakajibu kwamba mfumo mpya ni wa haki zaidi. Swali langu ni kama kweli ni wa haki, na haki hiyo ni kwa nani.

Nianze na upande wa mashirika, maana hoja yao ina uzito kuliko wanavyokiri walalamikaji. Chukua abiria wawili. Wa kwanza anawinda nauli za promosheni. Anakata tiketi ya dola 600 ya safari ndefu, kwenda na kurudi maili 8,000. Akifanya hivyo mara nne amefikisha maili 32,000, Silver mkononi, na shirika limepokea dola 2,400. Wa pili anaruka safari fupi za kikazi kwa tiketi inayobadilishika tarehe wakati wowote, dola 800 kila moja, maili 1,000 kwenda na kurudi. Amesafiri mara kumi, amelipa dola 8,000, na ana maili 10,000 tu. Hana cheo. Pale mlangoni anasimama nyuma ya yule wa kwanza. Ukiwa mhasibu wa shirika, utamweleza nini huyu wa pili?

Zaidi ya hapo, kipimo cha umbali kilizaa safari zisizo na safari ndani yake. Najua kwa sababu niliwahi kuifanya. Nilikuwa nimepungukiwa maili chini ya 2,000, mwaka umebaki siku tisa. Nikatafuta tiketi ya bei nafuu kwenda mji ambao sikuwa na mtu wala shughuli, nikafika, nikakaa kwenye kiti cha uwanjani saa moja na nusu, nikapanda ndege ileile kurudi. Mhudumu aliyenipokea asubuhi ndiye aliyekuwa mlangoni mchana. Akanitazama, akateremsha sauti, akaniuliza kama nimefiwa. Alidhani ni mtu tu aliyekimbilia mazishi ndiye angeweza kwenda na kurudi namna ile. Sikuwa na la kumjibu. Mafuta yalichomwa na siku nzima ikaliwa, na kilichopatikana ni rangi ya kadi.

Jambo hilo haliishii kwangu. Mwaka 2019 Richard Carmichael wa chuo cha Imperial, katika ripoti aliyoiandikia kamati inayoishauri serikali ya Uingereza kuhusu tabianchi, alipendekeza mifumo ya maili za ndege ipigwe marufuku, kwa hoja kwamba inachochea watu kuruka kupita mahitaji yao. Mtu aliyewahi kuruka ili kujaza hesabu hana pa kupinga.

Na maili zenyewe hazikuwa takatifu kama zinavyosifiwa leo. Mwaka 1999 mhandisi wa Marekani David Phillips aligundua kwamba kampuni ya vyakula inatoa maili kwa alama za kwenye vifungashio, na kwamba kitu chake cha bei ndogo kuliko vyote kilikuwa kikombe cha pudini. Alinunua vikombe 12,150, akavuna zaidi ya maili milioni 1.2, na kwa kuwa AAdvantage wakati huo ilihesabu maili za kila chanzo katika jumla ya maisha ya mteja, akapata cheo cha Gold cha kudumu. Vikombe vya pudini vilihesabiwa sawasawa na saa za kukaa angani.

Basi upande wa pesa umeshinda? Sivyo ninavyoona.

Mfumo wa pesa unampa cheo mtu aliyelipa, lakini mara nyingi aliyelipa si yeye. Yule abiria wa pili na tiketi zake za dola 800 hakuzinunua kwa mshahara wake, alizinunua mwajiri. Shirika linamlipa mfanyakazi fadhila kwa fedha ya bosi wake, na linamfanya asiwe na sababu ya kutafuta nauli ndogo. Kwa kipimo cha umbali, tiketi ya bei ya chini na ya bei ya juu katika daraja la kawaida mara nyingi zilimpa maili zilezile. Kwa kipimo cha pesa, tiketi ghali ndiyo inayompandisha. Kama kulikuwa na kishawishi kabla, sasa kimeongezwa mara dufu.

Kishawishi hiki kina historia. Mwaka 2002 Gregor Gysi, aliyekuwa seneta (yaani waziri) wa uchumi wa Berlin, Ujerumani, alijiuzulu baada ya kubainika kwamba maili alizozipata kwa safari za kikazi alizitumia kwa safari binafsi. Sakata hilohilo likamgusa mbunge Cem Özdemir. Hizo zilikuwa maili za kutumia, si za kupandia daraja, lakini mzizi ni mmoja: anayefaidi si anayelipa. Norway ilikwenda mbali zaidi. Kuanzia 2002 ilikataza kulimbikiza pointi kwenye safari za ndani ya nchi, ikiona kwamba pointi zinamnyonga mshindani mdogo kabla hajapata abiria, na katazo hilo likadumu hadi 2013. Huko kote hakuna aliyelalamikia maili kama kipimo. Tatizo la Ujerumani lilikuwa fadhila inayopita kando ya mwenye mfuko, na mfumo mpya umeifanya fadhila hiyo ifuate ukubwa wa bili.

Halafu kuna neno lenyewe: uaminifu. Mashirika yanaiita mipango hii ya uaminifu. Mtu anayelipa kwa fedha yake, anayeruka mara tisa kwa mwaka kwenda kuona wazazi au kufuata biashara ndogo, na kila mara anachagua shirika lilelile ingawa jingine linaondoka saa nzuri zaidi, huyo ndiye mwaminifu kwa maana ya kawaida ya neno. Kwa tiketi za dola 600 anahitaji safari tisa kufika dola 5,000, na kwa kuwa kodi za serikali hazihesabiwi, huenda ya tisa isitoshe. Mwenzake akipewa na kampuni tiketi moja ya daraja la biashara anamfikia kabla ya Februari kwisha. Ukiniuliza nani ameonyesha uaminifu, sina haja ya kufikiri mara mbili.

Mashirika yanajua hili. Kilichoyavuta ni kwamba mpango wa maili umekuwa biashara kubwa inayojitegemea, pengine imara kuliko ndege zenyewe. Ushahidi ulionekana wakati wa janga la korona. Mwaka 2020 United ilikopa dola bilioni 6.8 kwa dhamana ya mpango wake wa maili, MileagePlus, na Delta bilioni 9 kwa dhamana ya wake, SkyMiles. Mwaka uliofuata American ikapata bilioni 10 kwa dhamana ya AAdvantage. Ndege zilikuwa zimeegeshwa, viti vitupu, lakini wakopeshaji waliikubali orodha ya wanachama. Thamani hiyo inatoka kwa benki zinazonunua maili ili kuwapa wenye kadi za mkopo. Ndiyo maana American, tangu 2022, inahesabu matumizi ya kadi yake moja kwa moja kuelekea cheo. Mtu anaweza kufika Gold kwa kununua petroli na mboga, hajawahi kufunga mkanda mwaka mzima. Wakati huohuo tunaambiwa maili ziliondolewa ili kumtambua msafiri wa kweli. Hoja hizo mbili hazikai nyumba moja.

Kati ya yote niliyoyaona, mfumo wa Flying Blue wa Air France na KLM ndio unaokaribia kipimo ninachokikubali. Pointi zinategemea umbali uliopangwa kwa makundi, pamoja na daraja ulilokaa: safari ya kundi la mbali kabisa ni pointi 12 kwa daraja la kawaida na 36 kwa daraja la biashara. Aliyelipa zaidi anapata zaidi, mara tatu, na hilo ni sawa. Lakini anayekaa nyuma naye ana njia, na anaijua njia hiyo kabla hajakata tiketi. Hili la mwisho kwangu ndilo zito. Umbali haubadiliki kati ya Jumatatu na Ijumaa. Nauli inabadilika mchana mmoja.

Hata hivyo, chagua mfumo wowote utakao, ujue kwamba daraja si mali yako. Rabi Binyomin Ginsberg wa Marekani alivuliwa cheo chake cha Platinum Elite na shirika la ndege la Northwest mwaka 2008. Yeye akasema ni kwa sababu ya malalamiko yake, shirika likasema masharti yanaliruhusu kumwondoa mwanachama kwa hiari yake. Kesi ilifika Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, na Aprili 2014 majaji wote waliafikiana kwamba dai lake kwamba shirika halikutenda kwa nia njema haliwezi kusimama mbele ya ile sheria ya 1978 iliyoondoa udhibiti. Sheria iliyoizaa kamba ya maili ndiyo iliyomzuia mteja kuishika upande wake.

Kwa hiyo ninapoulizwa kama bado inafaa kukifukuzia cheo, jibu langu limegawanyika. Kama safari zako ungezisafiri hata pasipo cheo, zikusanye kwenye shirika moja au muungano mmoja, na kijacho kipokee. Siku ndege inapofutwa na kuna watu mia mbili mstarini, simu inayopokelewa mara moja ina thamani kubwa kuliko shampeni ya bure. Lakini kuongeza hata safari moja, au kulipa dola 150 zaidi kwa tiketi ileile ili pointi zitimie, sikushauri tena, na najuta kwamba niliwahi kufanya. Cheo cha mwaka huu kinaweza kubadilishiwa masharti kabla hujakitumia mara mbili.

Kwa upande wa mashirika, madai yangu ni machache, na hayahitaji kurudisha maili. Septemba 2023 Delta ilipotangaza kwamba Diamond itahitaji dola 35,000, kelele zilikuwa kubwa kiasi kwamba mkurugenzi wake, Ed Bastian, alikiri wamekwenda mbali mno, na mwezi uliofuata kiwango kikashushwa hadi 28,000. Mteja akisikika, mambo hubadilika. Basi tudai hivi: mabadiliko yoyote yatangazwe mwaka mzima kabla, ili aliyekwisha kununua safari zake asikute mlingoti wa goli umehamishwa. Na kwenye ukurasa wa kulipia tiketi, pembeni ya bei, iandikwe wazi kiasi gani cha nauli hiyo kitahesabiwa kwenye daraja baada ya kodi kutolewa. Kompyuta inayojua kwamba kiti cha dirishani kimebaki kimoja haiwezi kushindwa kuijua namba hiyo.