Siku niliyokaa benchi la wapinzani nikanywa na maji yao

Kabla hamjaanza kunicheka kwa ile video yangu inayozunguka, ya mimi kukaa benchi la wapinzani, ngoja niwaeleze kwanza maisha ya sisi wachezaji wa hoki ya barafuni tusiojulikana, ili mkicheka mcheke na huruma kidogo.

Mi ni beki. Sio wale unaowaona kwenye tivii, mi ni beki wa kuhamahama. Ligi kubwa kule Marekani na Kanada ni NHL, ina timu 32, chini yake kuna AHL iliyoanza 1936, halafu chini yake tena kuna ECHL iliyoanza 1988, na humo ndo ujana wangu wote umeishia. Misimu 11, timu 9. Huko juu kabisa nimefika mara moja, nikakaa siku nne, nikapewa jezi yenye jina langu mgongoni na halikukosewa hata herufi moja, nikafanya mazoezi, nikala vizuri, halafu yule beki aliyekuwa mgonjwa akapona. Basi, ikawa imeisha hiyo. Sijawahi kumuombea mtu homa kama nilivyomuombea yule jamaa.

Huku kwetu chini ni mechi 72 kwa msimu, na mara nyingi ni Ijumaa, Jumamosi, Jumapili mfululizo, mshahara unalipwa kwa wiki, nyumba ya timu, na usafiri ni basi. Hilo basi lina vitanda vya kupandana, kila kimoja na pazia lake, ukilala humo unajiona kama umeshazikwa ila kaburi linatembea. Na harufu je. Glovu za hoki zikilowa jasho hazikauki hata kidogo, zinaganda tu, kesho unazivaa zina ubaridi kama umeingiza mkono kwenye samaki. Ukiamka saa tisa usiku hujui uko jimbo gani, unachungulia dirishani unaona kituo cha mafuta na theluji, unarudi kulala, vituo vya mafuta vyote vinafanana.

Sasa shida yetu sio basi, shida yetu ni kuuzwa. Yaani wenzako wa kazi nyingine wanafukuzwa au wanaacha, sisi tunabadilishwa kama sufuria. Na usidhani ni sisi wa chini tu, kuna Mike Sillinger huyo alichezea timu 12 za NHL, kumi na mbili, mwisho nadhani hata mkewe alikuwa anauliza jezi ya leo ya kufua ni ipi. Kuna Kris Draper, mwaka 1993 Winnipeg Jets walimtoa kwa Detroit Red Wings kwa dola 1, dola moja jamani, na akaenda kubeba Stanley Cup, kombe la ubingwa wa NHL, mara nne. Ila mfalme wetu sisi ni Tom Martin, mwaka 1983 huyo alibadilishwa na basi. Sijakosea kuandika, basi la abiria, tena lililotumika. Timu moja ya vijana ilikuwa na basi imekwama nalo upande wa pili wa mpaka kwa sababu ya kodi, nyingine ilikuwa inataka basi, wakapatana. Na yeye alifika NHL baadaye, kwa hiyo basi sio dharau.

Mi nilibadilishwa na nini? Na kitu kinaitwa makubaliano ya baadaye. Maana yake ni hivi, chukueni tu huyu mtu, siku mkipata kitu cha kutupa mtatupa, tutakitaja wakati huo. Ndo thamani yangu hiyo. Bora basi, basi angalau unaliona.

Na kilichoniuma zaidi ni kwamba timu ile nilikaa misimu mitatu, sehemu nyingine zote nilikuwa nakaa miezi, nikawa nimeshajua kila kitu, bomba lipi la kuoga lina maji ya moto, mbao ipi ya ukingo imelegea, mzee gani wa jukwaani anamtukana refa kwa lugha ya kistaarabu. Kocha akaniita Jumanne asubuhi, mazungumzo yakachukua dakika nne, jioni yake niko kwenye basi jingine na begi langu na magongo yangu sita.

Siku kumi na moja baadaye ratiba ikatuleta pale pale. Sasa mi ni mgeni.

Dalili zilianza mapema ila sikuzishika. Nimeshuka kwenye basi nimeingia mlango wa nyuma nikakata kushoto moja kwa moja, begi begani, napiga mluzi, mshkaji wangu mmoja wa timu mpya akanivuta kwa kamba ya begi akaniambia we, sisi kulia. Tukacheka. Ningeacha kucheka nikakaa nikafikiria labda mambo yangekuwa tofauti.

Hapa lazima niwaeleze kitu kwa wale wasioujua huu mchezo, vumilieni. Hoki ya barafuni hakuna mtu anacheza dakika zote, unatoka kasi kama unafukuzwa na nyuki kwa sekunde 45 hivi, halafu unakimbilia benchi mwingine anaingia, mchezo hausimami, mnapishana hivyo hivyo huku watu wanaendelea kugongana. Mabenchi ya timu zote mbili yako upande mmoja wa uwanja, yamefuatana. Vipande vya mchezo ni vitatu, dakika 20 kila kimoja, na kila kipande mnabadilishana magoli. Kwa hiyo cha kwanza unalinda goli lililo karibu na benchi lako, raha, ukichoka unateleza mita chache unakaa. Cha pili sasa unalinda goli la mbali, ukitaka kupumzika safari ni ndefu, na ukitoka kule kwenye goli lako benchi la kwanza kulipita sio lako. Ni la wapinzani.

Mnaanza kuona inakoelekea eh.

Kipande cha pili, tuko sare 2-2. Niko uwanjani na beki mwenzangu, wametubana kwenye eneo letu hatutoki. Sekunde 50, bado. Dakika moja, bado. Nikaipata paki (kile kisahani cheusi cha mpira, kinagandishwa kabla ya mechi ili kisidunde, na kikikupiga kifundo cha mguu unaona mababu zako) nikaipiga mbele kwa nguvu zote niliyokuwa nayo, ikaenda ikaenda ikavuka mstari wa goli kule mwisho bila mtu kuigusa. Filimbi. Ni kosa hilo, na adhabu yake ni kwamba mchezo unarudi kuanzia kwenu na waliokosea hawaruhusiwi kubadilishwa. Yaani nimepiga kwa sababu nimechoka, na kwa sababu nimepiga siruhusiwi kupumzika. Aliyetunga hiyo sheria alikuwa na roho mbaya sana au hajawahi kuteleza maishani mwake.

Tukaanza tena. Wao wameingiza watu wapya, mi mapaja yanaungua kama nimekalia jiko, pumzi zinatoka kwa mafungu, macho yameanza kuona vimulimuli. Nadhani nilikuwa nakaribia dakika mbili zima humo ndani. Mwishowe kipa wetu akaidaka, akaiachia kwa winga, winga akaondoka nayo, mi nikasema sasa ndo saa yangu, nikainamisha kichwa nikaanza kuteleza kwenda kupumzika, siangalii kushoto wala kulia, naangalia barafu tu na ncha ya gongo langu lenye tepu iliyochanika.

Miguu yangu ndo ilikuwa inajua njia. Misimu mitatu miguu imekuwa inaingia mlango ule ule, na mazoea yana taabu. Nikaona ukingo, nikaona mlango umefunguliwa, nikaingia, nikakaa, nikapumua.

Sasa kichekesho ni kwamba hakuna aliyestuka. Yule niliyekaa naye tuliishi nyumba moja miaka miwili, akasogea kunipisha kama alivyokuwa ananipisha siku zote. Nikanyoosha mkono pale pale chupa ya maji inapokaa, ipo, nikainywa. Maji matamu, baridi, nikajimwagia mengine usoni kupitia kwenye helmeti. Nyuma yangu kocha akanigonga begani mara mbili, akasema "Zamu nzuri." Nikamjibu "Asante kocha."

Halafu kukawa kimya.

Kimya cha kama sekunde mbili hivi. Nikahisi mkono wake bado uko begani haujaondoka, kama mtu aliyeshika kitu gizani anajaribu kukitambua. Nikajitazama. Jezi yangu nyeupe. Nikatazama kushoto, jezi za bluu. Kulia, jezi za bluu. Kocha akainama sikioni kwangu akaniuliza kwa sauti ya upole kabisa, "Kijana, si nilishakuuza wewe?"

Wallahi nilitaka barafu ipasuke nizame.

Mtu mwenye akili timamu hapo angekaa tuli, akasubiri filimbi, akaondoka kwa heshima. Mi nikaruka ukingo nikarudi uwanjani. Kwa nini, msiniulize, nadhani nilitaka tu nisiwe pale. Kumbe huku kwetu beki wa zamu inayofuata alishaniona nimetoka uwanjani, hakujua nimetokea wapi ila aliona nimetoka, akaingia. Kwa hiyo sasa tuko sita badala ya watano, kipa simhesabu, na mmoja wetu ametokea kwenye benchi la wapinzani mbio mbio huku ameshika chupa ya maji. Ndio, chupa nilikuwa bado nayo. Nilikuwa nimeikumbatia kifuani na glovu, gongo mkono mwingine, yaani kama mtu aliyetumwa maji.

Refa akapiga filimbi, halafu hakuonyesha ishara mara moja. Alinitazama. Akaitazama chupa. Akayatazama mabenchi yote mawili, moja, halafu la pili. Nimecheza miaka 11 na sijawahi kumuona refa anajizuia kucheka kwa kung'ata filimbi, ila siku hiyo niliona. Wachezaji kuzidi uwanjani, mmoja wetu akae chumba cha adhabu dakika mbili. Adhabu hiyo mtu yeyote wa timu anaweza kuitumikia, kocha ndo anachagua. Kocha wangu mpya hakuongea, alininyooshea kidole tu.

Chumba cha adhabu kiko ng'ambo ya pili, unavuka uwanja mzima mashabiki wanakuangalia, na walikuwa wananijua wale, walikuwa wanaimba jina langu kwa mapenzi yote. Nikafika nikashika mlango. Mzee anayefungua ule mlango tunafahamiana, misimu mitatu ananifungulia kila nikifanya upuuzi, akanitazama kwa huzuni akatikisa kichwa. "Mwanangu," akasema, "wageni ni ule mlango mwingine."

Mara ya pili. Ndani ya dakika moja.

Wakatufunga nikiwa humo. Yule yule aliyenipisha kwenye benchi ndo alifunga, na alipopita mbele ya kioo changu akanifanyia ishara ya kunywa maji. Tukapoteza 3-2.

Baada ya mechi mtunza vifaa wetu alikuwa ameshabandika tepu nyeupe kwenye begi langu imeandikwa jina la timu yetu na mshale. Mechi iliyofuata nikakuta mshale mwingine kwenye ukingo wa benchi, mechi nyingine kwenye kiti cha basi, na mmoja chooni. Yule wa chooni hakuwa yeye, nina uhakika ni kipa.

Na video ndo hiyo mliyoiona, imezunguka wee mpaka ikamfikia mama. Mama yangu hoki haielewi mpaka leo, anachojua ni kwamba kuna baridi na nimepoteza meno mawili. Akanipigia asubuhi.

"Mwanangu, nimekuona kwenye simu. Mbona ulienda kukaa na wale wengine?"

"Nilipotea mama."

"Lakini maji walikupa?"

"Walinipa."

"Basi ni watu wazuri hao. Kwa nini uliwaacha?"

"Sikuwaacha mama, waliniuza."

Akanyamaza kidogo. Nikamsikia anavuta kiti.

"Shilingi ngapi?"

Nikamueleza. Makubaliano ya baadaye, kwamba hawakupewa hela wala mtu, watapewa kitu, kitatajwa siku ikifika. Nikamueleza taratibu mara mbili, akawa ananiitikia ehee, ehee.

"Na hicho kitu," akasema, "kimeshatajwa?"

"Bado, mama."