Majivu ya Wasikhi: Kiratpur au mto wowote?

Msikhi, yaani muumini wa dini ya Kisikhi iliyoanzia Punjab, akifariki, mwili huoshwa na kuvishwa nguo safi. Zile alama tano za imani, zikiwemo kitana, bangili ya chuma na kisu, haziondolewi. Mwana, ndugu au hata rafiki huwasha moto, waombolezaji wakikaa kando kusoma Sohila, sala ileile ambayo Msikhi huisoma kila usiku kabla ya kulala. Mpaka hapo hakuna ubishi. Ubishi huja moto ukishazima: majivu yaende wapi?

Rehat Maryada, mwongozo wa maisha ya Kisikhi ulioidhinishwa mwaka 1945, haufichi neno. Majivu na mifupa vitiwe katika maji yanayotiririka, au vifukiwe palepale na ardhi isawazishwe. Kuokota mifupa ili kuipeleka mto Ganga, ulio mtakatifu kwa Wahindu, au hata Kiratpur, mji wenye heshima kwa Wasikhi, ni kinyume cha mafundisho ya Maguru, walimu wakuu wa dini hiyo. Kujenga mnara mahali alipochomwa marehemu ni mwiko. Pamoja na hayo, Kiratpur Sahib, kama mji huo unavyoitwa kwa heshima, kando ya mto Sutlej huko Punjab, India, familia za Kisikhi zinaendelea kufika na majivu ya wapendwa wao.

Wanaoutetea mwongozo wana hoja nzito. Kifo ni amri ya Mungu, na roho hurudi kwake kwa rehema yake. Mto hauongezi wala haupunguzi kitu. Guru Amar Das, aliyefariki mwaka 1574, aliwausia watu wake wasimlilie bali waimbe sifa za Mungu. Yeye huyo alipinga wajane kuchomwa pamoja na waume zao. Lakini Maharaja Ranjit Singh, mfalme Msikhi wa Punjab, alipofariki mwaka 1839, wake zake wanne waliteketea naye, na jengo la kumbukumbu la majivu yake lingali Lahore. Mila iliyokataliwa ikiachiwa upenyo hurudi, tena kwa kishindo.

Upande wa pili nao usibezwe. Guru Hargobind na Guru Har Rai walichomwa hapohapo Kiratpur. Mtoto anayepeleka majivu ya baba yake huko huenda hatafuti thawabu yoyote. Anataka baba apumzike karibu na Maguru wake. Hata habari za Guru Nanak, mwasisi wa dini hiyo aliyefariki Kartarpur mwaka 1539, husomwa kwa namna mbili. Masimulizi yanasema Wahindu walitaka kumchoma, Waislamu kumzika, na shuka ilipofunuliwa yakakutwa maua tu, wakagawana. Wengine huona hapo kwamba mwili si kitu. Wengine hukumbusha kwamba hata hayo maua yalitafutiwa mahali pa heshima.

Mimi naegemea mwongozo, na sababu yangu kubwa ni hali za watu. Wasikhi wametawanyika, wa Kenya wengi ni wajukuu na vitukuu vya mafundi waliokuja kujenga reli miaka ya 1890. Kwao, ruhusa ya kutumia mto wa karibu ni nafuu kubwa. Anayekwenda Kiratpur kwa mapenzi yake sioni sababu ya kumkemea. Ninayempinga ni jamaa anayemwambia mjane kwamba marehemu hatatulia mpaka nauli ya India ipatikane. Mjane huyo Rehat Maryada iko upande wake, na viongozi wa gurudwara, hekalu la Wasikhi, wanapaswa kumwambia hivyo kabla ya moto kuwashwa.