Ukame wa Kibumba si Ukame wa Kondoo

Miaka michache iliyopita nilimshauri mjomba wangu, ambaye analima kabichi na kufuga kondoo kule Kibumba, mashariki mwa Kongo, kwenye barabara inayotoka Goma kwenda Rutshuru, anunue madume mawili ya kondoo weupe wenye vichwa vyeusi. Muuzaji mmoja alikuwa akiwatembeza mjini kwa sifa kwamba ni kondoo wa jangwani, kondoo wasiojua kufa. Hoja yangu wakati ule ilionekana nzito. Yeyote aliyewahi kupita Kibumba ameona wanawake na watoto wakipanga bidoni za manjano na kungoja maji kwa saa nyingi, kwa maana ardhi ya huko ni mawe ya volkeno, na mvua, ingawa inanyesha kwa wingi, hupenya katika mawe hayo na kupotea kabla haijafanya hata kijito. Nikasema kwamba mahali pasipo na maji panataka mnyama aliyezaliwa pasipo na maji. Mjomba, ambaye huniamini kuliko ninavyostahili kwa sababu tu nilisoma, alitoa fedha. Bei ya dume mmoja ingetosha kununua kondoo wanne wa kwetu.

Nilikosea, na ili nieleze kosa lenyewe sina budi kuanza na sifa za kondoo wa nyanda kame, kwa sababu sifa hizo ni za kweli na muuzaji hakuzitunga.

Kinachoonekana kwanza ni mkia. Kondoo wa Somalia hubeba mafuta yake matakoni na kwenye shina la mkia, kondoo mwekundu wa Kimaasai huyabeba katika mkia mnene unaoning'inia, na Awassi wa Shamu na Iraki ana mkia mpana kama mto wa kulalia. Mafuta hayo ni akiba: mvua ikinyesha na majani yakiota, mnyama hula na kuweka, jua likikausha malisho, huyatoa kidogo kidogo hadi mkia unalegea kama mfuko mtupu. Tena gramu moja ya mafuta ikitumika mwilini hutoa maji yanayozidi gramu moja kidogo, ijapokuwa sehemu ya maji hayo hupotea tena kwa kupumua, kwa hiyo wanaosema kwamba mkia ni tangi la maji wanatia chumvi. Faida iliyo wazi zaidi ni nyingine. Mafuta yakikusanywa mahali pamoja, sehemu kubwa ya mwili haifunikwi na blanketi la mafuta chini ya ngozi, na joto hupata njia ya kutoka. Mtu wa Goma anayevaa koti la ngozi saa saba mchana ataelewa bila kufafanuliwa.

Yasiyoonekana ni makubwa kuliko mkia. Kondoo aliyezoea ukame anaweza kunyweshwa mara moja tu kwa siku mbili au tatu na bado akaendelea kutembea na kula. Figo zake hubana mkojo hadi unakuwa mchache na mzito, na kinyesi chake hutoka kikiwa vidonge vikavu ambavyo havichafui hata kiganja. Akifika kisimani hunywa kwa mkupuo kiasi ambacho kingemdhuru mnyama mwingine, lakini tumbo lake kubwa, lile linalohifadhi majani kabla ya kucheuliwa, huyazuia maji na kuyaachia damuni polepole. Majani yakiwa makavu na maskini, urea ambayo ingetupwa kwenye mkojo hurudishwa tumboni kwa njia ya mate, na vijidudu vya humo huitumia kutengeneza protini upya. Wakati wa joto kali huhema haraka, damu ya pua hupoa, nayo hupooza damu inayopanda kwenye ubongo, hivyo kichwa hubaki na nafuu hata mwili ukichemka. Mara nyingi hana sufu, ana nywele fupi laini, na kama ni wa Kisomali ni nyeupe, zinazorudisha miale ya jua. Miguu ni mirefu. Uda wa Sahel, ukanda ulio kusini mwa Sahara, mwenye rangi mbili kana kwamba amechovywa kwenye wino hadi kiunoni, ana miguu ya mwendo mrefu, naye hufuata mvua pamoja na wafugaji wake.

Si kondoo wote wa nchi kavu waliopita njia moja. D'man wa Moroko anaishi kwenye nyasi za mashamba ya mitende yanayomwagiliwa maji, ndani ya nchi ya jangwa, kwa hiyo hakujifunza kutembea. Alijifunza kuzaa, na mapacha kwake ni jambo la kawaida. Damara wa Namibia hula majani ya vichaka karibu kama mbuzi. Ladoum wa Senegali, ambaye asili yake inahusishwa na kondoo wa Moritania, amekuwa mnyama wa fahari, anayeogeshwa na kuuzwa kwa mamilioni ya faranga, na sijui kama siku hizi angestahimili hata wiki moja ya njaa. Nawataja ili ionekane kwamba neno "kondoo wa jangwani" halimtaji mnyama mmoja. Kila mmoja ni jibu la swali la mahali pake.

Sasa nirudi Kibumba. Madume yalifika mwezi wa Julai, katika kiangazi, na kwa miezi miwili yaliwapendeza watu wote. Majirani walikuja kuyatazama. Mvua za Septemba zilipoanza, mmoja alianza kubaki nyuma ya kundi. Mwezi wa Novemba alikuwa na uvimbe laini chini ya taya, kama mtu aliyefungiwa kifuko cha maji kidevuni, na jirani mmoja alikwisha kutaja habari za wivu na uchawi. Mjomba akamshika kichwa, akavuta ukope wa chini kwa kidole gumba, akaniita nitazame. Ndani ya ukope palipaswa kuwa pekundu. Palikuwa peupe kama karatasi. Kisha akamshika kondoo jike wake mkongwe, wa kwetu, mwenye rangi ya udongo, aliyekula majani yale yale katika uwanja ule ule, akavuta ukope wake: pekundu kama nyama mbichi.

Ugonjwa ulikuwa mnyoo unaoitwa Haemonchus contortus, unaoishi katika tumbo la nne la kondoo na kunywa damu. Jike mmoja wa mnyoo huo hutaga mayai elfu kadhaa kwa siku, ambayo hutoka na kinyesi na kuanguliwa humo malishoni. Ili mayai yaanguliwe na vifunza vyake vipate kupanda juu ya jani, unahitajika unyevu, na hapo ndipo siri yote ilipo. Katika nchi kavu jua huyakausha kabla hayajawa kitu. Kondoo wa huko hakulazimika kwa vizazi vingi kupigana na adui ambaye jua lilimpiga kwa niaba yake. Kibumba jua halifanyi kazi hiyo. Asubuhi ukungu unashuka kutoka mlimani, majani yanalowa hadi saa nne, na kondoo anayeyala hula na vifunza. (Kule Afrika Kusini wafugaji walitengenezewa kadi yenye rangi tano, kutoka nyekundu hadi nyeupe, ya kulinganishia ukope, mjomba wangu hajawahi kuiona kadi hiyo, lakini kidole chake kinaijua.)

Ndipo nilipoelewa upumbavu wa hoja yangu. Maji yanayokosekana Kibumba ni maji ya binadamu: ya kupika, ya kufua, ya kuoshea mtoto. Kondoo wa Kibumba hana kiu. Anayapata maji yake ndani ya majani mabichi na kwenye umande, kiasi kwamba kwa miezi mingi hahitaji hata ndoo. Mimi niliangalia bidoni za wanawake nikadhani naangalia shida ya mifugo. Mahali panapokosa bomba si lazima pawe mahali pakame, na mnyama hasomi takwimu za usambazaji wa maji.

Lawama si zangu peke yangu, wala si za mjomba ambaye alichelewa kutoa dawa ya minyoo. Muuzaji alijua anauza nini na wapi. Lakini hata yeye alikuwa akirudia wimbo ambao ulikwisha kuimbwa Afrika Mashariki kwa hasara kubwa. Madume yale hayakuwa hata kondoo wa jangwani halisi. Yalikuwa na damu ya Dorper, kondoo aliyetengenezwa Afrika Kusini katika miaka ya 1930 na 1940 kwa kumchanganya Dorset Horn wa Uingereza na kondoo wa Kisomali mwenye kichwa cheusi, ambaye Waafrika Kusini walimwita "Mwajemi" ingawa asili yake ni pembe ya Afrika. Kwa hiyo yule anayesifiwa kuwa mbegu ya kizungu ni mjukuu wa mfugaji Msomali. Ana nyama nyingi, anakua upesi, na katika nchi kavu yenye malisho ya kutosha ni mnyama mzuri. Sina ugomvi naye.

Kule Kenya, tangu katikati ya miaka ya 1970, madume ya Dorper yaligawiwa wafugaji kwa bei ya ruzuku, nao wakayapandisha kwa kondoo wekundu wa Kimaasai bila mpango wa nini kibaki. Vizazi vichache baadaye kondoo mwekundu halisi akawa adimu katika nchi yake mwenyewe. Kisha watafiti waliohusishwa na Taasisi ya Kimataifa ya Utafiti wa Mifugo, ILRI, wakawalinganisha. Katika ukanda wa pwani, huko Diani, ambako kuna unyevu na minyoo, kundi la kondoo wekundu lilizalisha mara kadhaa zaidi ya kundi la Dorper, kwa sababu rahisi kwamba wanakondoo wa Dorper walikuwa wakifa. Katika nyanda kavu zaidi za Kapiti tofauti hiyo ilipungua sana. Dorper wa Diani na Dorper wa Kapiti ni mbegu ile ile. Kilichobadilika ni majani waliyosimama juu yake.

Tukio hilo linanigusa zaidi kuliko kifo cha dume wa mjomba, kwa sababu kondoo wetu wa Kivu naye ana mkia mnene. Watu wa mjini hawamtazami. Goma ni mji wa mbuzi. Kwenye mishikaki ya jioni hakuna anayeuliza kondoo, na wapo hata wanaoona haya kuonekana wanamla. Lakini ukimshika mkia yule jike mkongwe wa mjomba, unashika mafuta ambayo hayakubuniwa kwenye vilima hivi. Kondoo walifugwa kwanza kusini magharibi mwa Asia, zaidi ya miaka 10,000 iliyopita. Wenye mikia myembamba walitangulia kuingia Afrika, wenye mikia minene wakafuata, wakashuka upande wa mashariki mpaka kwa Wakhoikhoi wa Rasi ya Tumaini Jema, na wakapanda kwenye milima ya Rwanda, Burundi na Kivu. Mzazi wa kondoo wetu alikuwa mtu wa ukame. Aliuleta mkia wake hapa, akakuta mvua, minyoo na baridi, na vizazi vingi visivyoweza kustahimili vikafa bila mtu kuandika. Huyu aliyebaki ana vyote viwili: akiba ya nchi kavu na damu inayovumilia majani mabichi. Kumbadilisha kwa madume ya barabarani ni kulipa dola kwa ajili ya kurudi mwanzo wa safari hiyo, na safari hii wanaokufa ni wa kununua.

Najua nitajibiwa kwamba kondoo wetu ni mdogo, na kwamba familia yenye watoto saba haili historia. Ni kweli ni mdogo. Lakini udogo wake ni sehemu ya hesabu: mwili mdogo hudai chakula kidogo, na katika nchi ambako mfugaji anaweza kuamka usiku na kuukimbia mji wake akiwa na kundi mbele yake, mnyama mwepesi anayekula kando ya barabara si aibu. Anayetaka kondoo mkubwa na achague madume makubwa zaidi miongoni mwa hawa hawa, badala ya kufanya tunavyofanya sasa, ambapo dume aliyenenepa ndiye wa kwanza kuuzwa wakati wa sikukuu, na aliyedumaa ndiye anayebaki kupanda majike. Hapo hatuhitaji muuzaji yeyote wa kutudanganya. Tunajidumazia mbegu kwa mikono yetu. Nilimwambia mjomba jambo hili, akacheka, akasema dume mkubwa ndiye anayelipa ada ya shule. Sikuwa na jibu la haraka.

Dume wa kwanza alikufa kabla ya Noeli. Wa pili aliuzwa kwa mchinjaji kwa bei ambayo mjomba hapendi itajwe. Waliacha wanakondoo watano, ambao watatu walikufa katika mvua zilizofuata. Mmoja wa waliobaki ni jike mweupe mwenye kichwa cha kahawia na mkia uliokosa uamuzi, si mnene wala si mwembamba, anayetembea mbele ya kundi kana kwamba ana haraka ya kufika mahali. Mjomba hajakubali apandwe. Amesema atamvuta ukope mwezi wa Novemba, kisha tutazungumza.