Kijana wa Kisumu anaweza kulipwa kwa tenisi ya meza

Mwandishi, umesema kijana wa Kisumu anayetaka kuishi kwa tenisi ya meza anajidanganya. Hapo sikubaliani nawe kabisa. Quadri Aruna alitoka Oyo, Nigeria, akacheza ligi za Ureno na Ujerumani, na mwaka 2016 kule Rio akawa mwanamume wa kwanza wa Afrika kufika robo fainali ya Olimpiki ya mchezo huu, kwa mchezaji mmoja mmoja. Mwaka 2022 akaingia kumi bora duniani. Omar Assar wa Misri naye alifika robo fainali Tokyo na Paris.

Kinachotukwamisha huku ni vifaa. Pita mtaa wa Nyalenda hapa Kisumu jioni uone: vijana wanne, raketi moja, raba (ule mpira mwembamba unaobandikwa usoni mwa raketi) imechakaa mpaka inang'aa, mpira unateleza tu badala ya kuzunguka. Mtoto aliyezoea hiyo akikutana na mwenye raba mpya inayonata na kuuzungusha mpira, akirudisha servisi ya kwanza tu mpira unamrukia nje ya meza. Kipaji anacho, ila mzunguko wenyewe hajawahi kuupokea! Wachezaji wa kulipwa hubadilisha raba kila baada ya wiki chache. Kaunti ikinunua meza, tafadhali inunue na raba, tena imlipe kocha wa kudumu.