Filamu Iliyofungiwa Praha, Kanda Zilizofutwa Tanga

Ndugu zangu wa nyumbani huniuliza huku Ulaya nimejifunza nini zaidi ya baridi na kazi za zamu. Leo nitawajibu kwa habari za mama mmoja ambaye sikuwahi kukutana naye: Drahomíra Vihanová, mwongozaji wa filamu wa Kicheki, aliyefariki Desemba 2017 akiwa na miaka 87.

Nilimjulia Ponrepo, jumba la sinema la hifadhi ya filamu ya taifa hapa Praha, mji mkuu wa Ucheki. Siku hiyo walionyesha "Zabitá neděle", filamu yake ndefu ya kwanza, ya mwaka 1969. Ofisa wa jeshi, mji mdogo wa ngome, Jumapili isiyokwisha, na mwisho wake kifo. Nilitoka kifua kimenibana. Vifaru vya Wasovieti na washirika wao vilikuwa vimeingia Chekoslovakia, kama nchi ilivyoitwa wakati huo, Agosti 1968, na watawala waliofuata hawakuwa na nafasi ya filamu iliyokata tamaa namna ile. Ikafungiwa. Watu walikuja kuiona 1990.

Mwongozaji mwenzake, Miloš Forman, alikwenda Marekani, akapata Oscar, dunia nzima inamjua. Vihanová alibaki. Hakupewa kazi ya kuongoza hadi 1977, na alipopewa ilikuwa filamu fupi za makala tu. Filamu yake ya pili ya kuigiza, "Pevnost", ilitoka 1994. Hesabuni wenyewe: miaka 25 katikati!

Wapo wanaosema makala zilikuwa adhabu yake. Kwa waliompa, pengine. Kwake yeye sikubali. Itazameni "Proměny přítelkyně Evy" ya 1990, kuhusu mwimbaji wa jazi Eva Olmerová. Anayekaa na mtu aliyechoshwa na maisha, akamsikiliza kwa heshima ile, hafanyi kazi ya kutumikia kifungo.

Na kabla ya yote hayo, filamu aliyomalizia masomo katika FAMU, chuo cha filamu cha Praha, katikati ya miaka ya 1960, inamhusu mpiga piano Mwafrika anayeishi Praha. Mimi Mtanzania ninayepanda tramu hapa kila alfajiri, huku watu wakinitazama, jambo hilo liliniingia sana. Kuna aliyetuona zamani hizo, akaona tunastahili filamu.

Sasa niseme linaloniuma. Nyumbani Tanga nilikuwa napiga video za harusi na misiba. Studio niliyofanyia kazi ilinunua kanda chache. Mteja akishachukua nakala yake, kanda ya kwanza tulirekodia juu yake shughuli nyingine. Nilifanya hivyo kwa mikono yangu. Katika zile nilizofuta mna bibi yangu mzaa mama akiimba na wenzake kwenye harusi ya binamu yangu, na nakala ya familia iliharibika kwa fangasi. Sauti yake haipo tena popote.

Watawala wa Vihanová walimtesa, na siwasifii hata kidogo. Lakini filamu waliyoichukia ilikaa kwenye kopo lake miaka ishirini, na mkanda ulipotoka ulikuwa mzima. Bibi yangu hakuna aliyemfungia. Tulimpenda wote, tukamfuta kwa sababu kanda mpya ilikuwa ghali na kesho kulikuwa na shughuli nyingine. Hapo ndipo naona Wacheki wametuzidi, wala si kwenye barabara na treni tunazozisimulia kila tukirudi likizo. Wana watu wanaolipwa mshahara kutunza hata visivyopendwa. Kwetu kazi hiyo tumewaachia wapiga video wa mitaani, tena tunawaita wababaishaji.

Shangazi ana maboksi mawili ya kaseti za VHS juu ya kabati, nyumbani kwake Chumbageni, Tanga. Nimemwomba asiyatupe, ayatoe kwenye unyevu, ayafunike kwa kanga kavu. Likizo yangu ni Desemba, na mashine ya kuzihamishia kwenye kompyuta nimeshanunua.