Mkono Ndani ya Ndoo

Sinema yetu ilihitaji mkono uliokatwa, na ulitakiwa kesho yake saa mbili asubuhi. Bajeti ya mkono ilikuwa shilingi mia tano.

Kazi yangu inaitwa kupamba waigizaji, na hilo neno "kupamba" linamdanganya mama yangu hadi leo. Anadhani napaka watu poda. Kumbe siku nzima napika damu: sharubati ya sukari, rangi nyekundu ya chakula, na kakao kidogo ili isifanane na juisi ya harusini.

Sasa mkono. Wenye akili hutumia alijineti, ule unga ambao madaktari wa meno huukoroga wakachukua umbo la meno yako. Unaganda kwa dakika chache ukabaki laini kama mpira, na mkono unachomoka wenyewe. Lakini bei yake! Pale hadiwea ya karibu na kwangu, Umoja, walikuwa na unga wa jipsamu, ule wa dari. Nikajiambia unga ni unga.

Nikaukoroga kwenye ndoo ya rangi ya lita nne, nikatumbukiza mkono wa kulia, vidole viwili nikavikunja ili uonekane umekufa kwa uchungu. Sanaa hiyo! Mafuta ya kujipaka niliyakumbuka ndoo ilipoanza kupata moto. Jipsamu ikigandana na maji hutoa joto, na ikiwa nene huweza kupita nyuzi 60. Nikavuta. Vinyweleo vikakataa. Vidole nilivyovikunja kwa madaha vilikuwa vimejifungia humo kama ndoana. Nikakimbilia bomba, nikaimwagia ndoo maji hadi ikapoa. Moto uliisha, ndoo ikabaki.

Nikampigia fundi wa dari ninayemjua Kariobangi. "Njoo nayo," akasema. Kana kwamba ningeweza kuiacha.

Kwenye matatu niliifunika ndoo kwa sweta, kwa aibu tu. Konda akaitupia jicho.

"Mkubwa, mzigo unalipiwa."

"Si mzigo, ni mkono."

Mama aliyekaa kando yangu, sukuma wiki mapajani, akageuka polepole. Hapo ndipo nilipokumbuka kwamba shati langu lilikuwa na damu ya jana.

"Mkono wa nani, kijana wangu?"

"Wangu, mama."

Akanihesabu. Wa kushoto aliuona. Upande wa kulia akaona sweta.

"Na unaupeleka wapi?"

"Kwa fundi."

"Kwani hospitali hakuna?"

"Huyu ana patasi nzuri."

"Dere! Shukisha!"

Akashuka, wakashuka wanafunzi wawili, akashuka na mzee mmoja ambaye hakuwa amesikia lolote ila aliona watu wanashuka. Konda akanitoza viti vitano.

Fundi aliizunguka ndoo mara mbili, akaketi chini akacheka mpaka akatokwa na machozi, kisha akachukua patasi na nyundo. Kila kipande kiliondoka na vinyweleo vyake. Mkono ulipotoka ulikuwa mwekundu, umevimba, na hauna unywele hata mmoja, kama umezaliwa jioni ile. Lile umbo nililoteseka kulitengeneza lilibaki vifusi sakafuni, na fundi akanidai pesa za kufagia.

Asubuhi nikamwendea mwelekezi mikono mitupu, yote miwili. Kabla sijaanza kujitetea akaudaka ule wa kulia, akaugeuzageuza kwenye mwanga.

"Huu! Huu ndio niliotaka! Umeutengeneza na nini?"

"Ni wangu."

"Najua ni wako, kazi yako naifahamu. Nakuuliza umetumia nini?"

Nikakisogeza kidole kimoja. Akaruka nyuma, akagonga taa. Alipopata pumzi akaagiza meza itobolewe tundu.

Nililala chini ya ile meza saa mbili nzima, mkono umetokeza juu, umezungukwa na damu niliyoipika mwenyewe. Nzi wa Nairobi hawajui sinema, wanajua sukari. Wa kwanza alitua kwenye kidole cha kati, akaanza kunawa mikono. Wa pili akaja na jamaa zake. Nikavumilia hadi mmoja wao alipoanza kuteremka kiganjani, taratibu, akinitekenya.

"Kata!" mwelekezi akafoka. "Mkono! Mara ya sita sasa! Kufa vizuri, bwana!"